George Raynor: Mwalimu wa Kandanda Aliyetunzwa Ugenini



Katika vijitabu vya mikutano yetu iliyopita mmezoea kusoma kwangu habari za wazee wetu: nyumba ya Mji wa Kale, safari za majahazi, na nani alimzaa nani. Safari hii naomba ruhusa yenu niandike habari za mtu asiyekuwa wa damu yetu wala wa lugha yetu, Mwingereza wa nchi ya makaa ya mawe, ambaye nadhani wengi wenu hamjapata kumsikia. Sababu zangu ni mbili. Ya kwanza ni kuwa kisa chake kina mafunzo kwa kila aliyehama kwao. Ya pili ni deni linaloning'ang'ania, na deni hilo nitalitaja mwishoni bila ya kuficha kitu.

Jina lake ni George Raynor. Nalisikia mara ya kwanza katika kiangazi cha mwaka 2019, nilipowazuru jamaa zetu wa Göteborg. Binti wa marehemu ami yangu na mumewe, ambaye ni Mswidi, walinitembeza mjini hadi nje ya uwanja wa Gamla Ullevi, tukasimama mbele ya sanamu ya Gunnar Gren, mchezaji mashuhuri wa zamani. Mume wa dada yangu akaniuliza, "Kaka, wewe unakaa Sheffield, bila shaka unamjua Raynor aliyemfundisha huyu?" Nikasema simjui. Akanitazama kama mtu amtazamavyo mwenyeji wa Mombasa asiyejua Ngome ya Yesu iko wapi. Kumbe Raynor alizaliwa mahali ambapo ni kiasi cha nusu saa kwa gari kutoka mlangoni pangu, nami nilikuwa nimekaa huko zaidi ya miaka ishirini na mitano.

Nilirejea Uingereza nikaanza kusoma. Haya ndiyo niliyoyapata.

Mchezaji wa ligi za mkoa

Raynor alizaliwa Januari 1907 katika mji mdogo wa Hoyland, karibu na Barnsley. Mpira aliuanza katika timu ya darasa la Biblia la kijiji cha Elsecar, kisha akapanda hadi kwenye vilabu vya Mexborough na Wombwell, ambavyo vilikuwa vya ligi za mkoa.

Yafaa niwaeleze vijana wetu, hasa walioko Marekani, ligi ya mkoa ni nini. Chini ya ligi kuu ya Uingereza na madaraja yake kuna tabaka nyingi za ligi ndogo, kila moja na eneo lake. Mchezaji wa huko hulipwa kidogo, au halipwi kabisa. Hufanya kazi yake ya mchana, na jioni huenda mazoezini. Hata waliobahatika kupanda ligi ya juu katika zama za Raynor hawakutajirika. Tangu mwaka 1922 mshahara wa mchezaji ulikuwa na kikomo cha pauni 8 kwa wiki wakati wa msimu, na wengi wa madaraja ya chini hawakukifikia kikomo hicho.

Mwaka 1930 Sheffield United ikamsajili. Katika miaka miwili alichezeshwa mechi moja tu ya ligi. Akaenda Mansfield, kisha Rotherham, kisha Bury, na mwaka 1939 akafika Aldershot, daima akiwa winga wa kulia mwenye bidii ambaye magazeti hayakuwa na haja ya kumwandika sana. Vita vilipolipuka Septemba mwaka huo, ligi ilisimamishwa. Raynor alikuwa na umri wa miaka 32, umri ambao winga huanza kuzisikia pumzi zake mwenyewe. Hakuwa amepata kuichezea timu ya taifa lake hata siku moja. Lau maisha yake ya mpira yangalikomea hapo, leo jina lake lingejulikana na wajukuu zake tu.

Baghdad

Jeshi lilimfanya mwalimu wa mazoezi ya viungo na kumpeleka Iraq. Huko Baghdad, katika nchi ambayo lugha yake na desturi zake zilikuwa ngeni kwake, aliwafundisha Wairaqi mpira na kuunda timu iliyosafiri kucheza katika nchi za jirani. Nadhani hapo ndipo mchezaji alipogeuka kuwa mwalimu. Mtu hufundisha kwao kwa mazoea tu, kwa kuwa wanaomsikiliza wanayajua tayari nusu ya maneno yake. Ugenini hana budi kukipima kila anachokijua, akichambue, akioneshe kwa vitendo, mpaka mwanafunzi akione. Sisi tuliofika nchi za watu tukiwa watu wazima twalielewa jambo hilo bila kuambiwa.

Kazi yake ya Iraq ilimfikia masikioni Stanley Rous, aliyekuwa katibu wa Chama cha Mpira cha Uingereza. Vita vilipokwisha Raynor alirudi Aldershot, akapewa kufundisha timu ya akiba. Mwaka 1946 Waswidi walipotafuta mwalimu wa timu yao ya taifa, Rous akampendekeza yeye. Tazameni jambo hilo, ndugu zangu. Hakuwa na jina, wala hakuwa amewahi kuongoza klabu yoyote ya ligi. Alichokuwa nacho ni kazi aliyoifanya, na mtu mmoja mwenye cheo aliyeitazama kazi hiyo kabla ya kuutazama wasifu. Neno moja la mapendekezo likafungua mlango. Naomba mlikumbuke neno hilo, kwa maana nitalirejea.

Miaka ya Uswidi

Wachezaji wa Uswidi wakati ule hawakuwa wa kulipwa. Walikuwa na kazi zao. Gunnar Nordahl, mfungaji wao mkubwa, alikuwa mzimamoto. Raynor hakuajiriwa kuchagua kikosi tu; aliingia pia katika vilabu vyao na kufundisha humo, miongoni mwavyo AIK ya Stockholm na Åtvidaberg.

Mavuno ya kwanza yalikuja London, katika michezo ya Olimpiki ya mwaka 1948. Uswidi iliifunga Austria mabao 3-0, ikaizamisha Korea Kusini 12-0, na katika nusu fainali ikaitoa Denmark 4-2. Katika mchezo huo lilitukia jambo linalosimuliwa hadi leo. Nordahl alijikuta katika nafasi ya kuotea wakati wenzake wanashambulia. Badala ya kusimama na kuharibu shambulio, alikimbilia ndani ya wavu wa goli, nje ya uwanja, na mpira wa kichwa uliopigwa na Henry Carlsson ukamkuta humo humo, akaudaka kwa mikono. Bao likakubaliwa. Tarehe 13 Agosti, uwanjani Wembley, Uswidi ikaishinda Yugoslavia 3-1 na kutwaa nishani ya dhahabu. Gren alifunga mawili na Nordahl moja. Na kwa kuwa hiki ni kijitabu cha ukoo, niongeze kuwa ndugu watatu wa nyumba moja walikuwamo katika kikosi hicho: Bertil, Knut na Gunnar Nordahl.

Baada ya ushindi huo matajiri wa Italia walikuja na mifuko yao. Nordahl alihamia Milan mwanzoni mwa mwaka 1949. Gren na Nils Liedholm wakamfuata mwaka huo huo. Kwa kuwa Uswidi wakati ule haikuwachagua wachezaji wa kulipwa walioko nje, Raynor alipoteza wachezaji wake bora. Mwalimu mwingine angelalamika. Yeye alianza upya kutafuta na kufundisha vijana. Mwaka 1950 huko Brazil, katika Kombe la Dunia, timu hiyo mpya iliifunga Italia 3-2, Italia ile ile iliyokuwa imewachukua nyota wake. Baadaye ilifungwa na wenyeji mabao 7-1, kisha na Uruguay 3-2, lakini ikaishinda Hispania 3-1 na kumaliza nafasi ya tatu ulimwenguni. Mwaka 1952 ikapata nishani ya shaba katika Olimpiki ya Helsinki.

Novemba 1953 Raynor aliipeleka Uswidi Budapest kupambana na Hungaria, mabingwa wa Olimpiki na timu iliyotisha kuliko zote za zama hizo. Wakatoka sare 2-2. Siku kumi baadaye Hungaria hao hao walifika Wembley wakaifunga Uingereza 6-3, na nchi nzima ikashika tama. Katika majonzi yale wachache walijiuliza kwa nini Mwingereza aliyekuwa ametoka kuwazuia Wahungaria kwao yuko katika utumishi wa taifa jingine.

Baadaye alifundisha Lazio ya Italia, kisha akarudi Uingereza kwa muda katika klabu ya Coventry City, ambayo wakati ule ilikuwa daraja la tatu. Hakudumu. Mwaka 1956 Waswidi wakamwita tena, maana Kombe la Dunia la 1958 lilikuwa linafanyika kwao. Safari hii wachezaji wa kulipwa walioko nje waliruhusiwa kurudi. Akawarejesha Liedholm, mwenye miaka 35, na Gren, mwenye miaka 37, pamoja na Kurt Hamrin na Lennart Skoglund. Watu walisema amekusanya wazee. Wazee hao waliifunga Mexico 3-0 na Hungaria 2-1, wakatoka suluhu na Wales, wakaitoa Urusi ya Kisovieti 2-0, na katika nusu fainali wakaishinda Ujerumani Magharibi, bingwa mtetezi, 3-1. Tarehe 29 Juni, katika uwanja wa Råsunda, Liedholm alifunga bao katika dakika ya nne ya fainali. Kisha Brazil wakaamka, na kijana wa miaka 17 aitwaye Pelé akafunga mawili. Matokeo yalikuwa 5-2. Hata hivyo, mchezaji yule wa Wombwell na Mexborough alikuwa ameifikisha nchi ndogo kwenye fainali ya dunia, jambo ambalo hakuna mwalimu wa Kiingereza aliyekuwa amelifanya kabla yake.

Kurudi nyumbani

Wahenga wetu walisema, mcheza kwao hutunzwa. Raynor alirudi kwao mwenye nishani za Olimpiki na fainali ya Kombe la Dunia, naye Mfalme wa Uswidi alikuwa amemtunukia heshima. Nyumbani hakutunzwa. Kazi aliyoipata ni kufundisha Skegness Town, klabu ya mji mdogo wa pwani katika Ligi ya Midland, yaani ligi ya mkoa, daraja lile lile alikoanzia ujana wake. Na kwa kuwa kazi hiyo haikutosha kuendesha nyumba, alifanya kazi ya stoo katika kambi ya mapumziko ya mji huo. Fikirini: mtu ambaye muda mfupi tu uliopita alikuwa amekaa benchi akiwatazama Pelé na Garrincha, sasa anahesabu mablanketi na vyombo.

Oktoba 1959 Uswidi ikaja Wembley na kuifunga Uingereza 3-2, ikiwa timu ya pili kutoka bara la Ulaya kushinda hapo baada ya Hungaria. Bado simu ya wakubwa wa mpira wa kwao haikulia. Mwaka 1967 alipewa kuongoza Doncaster Rovers ya daraja la chini, na mwaka 1968 akaondoka. Alifariki mwaka 1985. Uswidi walimjua, lakini nchi iliyomzaa ilikuwa karibu imekwisha kumsahau.

Kwa haki, sitaki kumfanya malaika. Italia na Coventry hakuacha alama kubwa, na Doncaster hakufua dafu. Mwalimu hahitaji elimu yake peke yake, huhitaji pia watu walio tayari kumsikiliza. Waswidi walikuwa tayari. Walimpokea mgeni bila ya kumwuliza alifunga mabao mangapi, wakanufaika naye. Na wahenga hao hao walinena, mgeni njoo, mwenyeji apone.

Deni langu

Sasa nalieleza lile deni.

Nilipofika Sheffield mwaka 1993 nilikuwa na umri wa miaka 34, na nyuma yangu miaka kumi na miwili ya utumishi wa serikali. Nilikuja na bahasha ya vyeti. Miaka mitatu nilifanya kazi ya usiku katika ghala, nikipanga makatoni, mpaka alipotokea mkuu mmoja wa ofisi ya halmashauri aliyesoma vyeti vyangu hadi mwisho, akaniita kwenye usaili. Nilistaafu katika ofisi hiyo mwaka 2021. Kila nikisoma habari ya Raynor na stoo yake ya Skegness, najiona ndani ya ghala lile saa nane ya usiku, na nakumbuka jinsi inavyochoma kujua jambo na kutoulizwa.

Kwa hiyo mtu kama mimi alipaswa kujua vizuri zaidi. Miaka miwili iliyopita mjukuu wa dada yangu mkubwa, ambaye sitamtaja kwa kuwa nyote mwamjua, aliiandikia kamati yetu. Kijana huyu tangu utotoni alikuwa katika chuo cha mpira cha klabu kubwa. Alipofikia umri wa miaka 18 aliambiwa hahitajiki. Tangu hapo anacheza ligi ya mkoa, Jumamosi kwa Jumamosi, na siku za kazi hupeleka mizigo kwa gari. Aliomba mfuko wetu wa elimu umsaidie ada ya mafunzo ya ualimu wa mpira, maana siku hizi mwalimu hapewi timu bila ya vyeti vinavyotambuliwa na shirikisho la Ulaya, na vyeti hivyo hupandwa ngazi kwa ngazi, kila ngazi na gharama yake.

Kamati ilikataa, na barua niliiandika mimi, kwa kuwa ndimi niliyekuwa katibu. Niliandika kwamba mfuko ni wa elimu, si wa michezo. Nikaongeza, pasipo kuombwa na mtu, kwamba aliyeshindwa kuwa mchezaji atafundisha nini? Kijana alinijibu kwa mstari mmoja: "Nimekuelewa, Babu." Hakuandika zaidi, na katika mkutano uliofuata hakuja.

Nilikuwa nimeshasoma habari za Raynor nilipoandika barua hiyo. Hilo ndilo linaloniuma. Nilimhurumia Mwingereza aliyekufa zamani, kisha nikamtendea mtoto wetu yale yale aliyotendewa yeye.

Mwezi wa Machi mwaka huu, asubuhi ya Jumamosi, nilikwenda bila ya kumwarifu hadi kwenye kiwanja cha mtaa anakofundisha watoto kwa kujitolea. Mvua ilikuwa nyepesi na upepo mkali. Walikuwapo watoto kiasi cha ishirini, wa kila rangi. Mmoja, mnene kidogo, alikuwa akiupiga mpira kwa ncha ya kiatu na kila mara ukienda kombo, na wenzake wakicheka. Kijana wetu hakuwakemea wanaocheka. Alipiga magoti kwenye matope, akaushika mguu wa yule mtoto, akauonesha mahali pa kugusa mpira, mara moja, mara mbili, mara ya tatu. Kisha akasimama pembeni na kusubiri. Mpira wa nne ulikwenda sawa. Nikakumbuka Makadara, mwaka 1965, Feisal ya Mombasa ilipotwaa ubingwa wa Kenya nasi watoto wa miaka sita tukataka wote kuwa Feisal; na karani mmoja wa forodha aliyetufundisha kila jioni, akiwa na suruali yake ya ofisini aliyoikunja hadi magotini. Sote tulimwita Mwalimu. Hakuna aliyemwuliza alipata kuchezea wapi.

Nilimwendea kijana baada ya mazoezi, nikamwomba radhi. Alinishika mkono akaubusu kama alivyofundishwa na nyanya yake, akasema maneno yamekwisha. Mimi naona hayajaisha, kwa kuwa barua ile bado imo katika majalada ya ukoo, na barua hujibiwa kwa barua.

Basi naleta mbele ya mkutano mkuu mambo mawili. La kwanza, maombi ya kijana huyu yasikilizwe upya, naye aalikwe kuyaeleza mwenyewe. Siahidi kwamba atafika fainali ya Kombe la Dunia, na yeye hajaniahidi hivyo. La pili, neno "elimu" katika kanuni za mfuko wetu lifafanuliwe upya, lijumuishe kila ujuzi wenye mafunzo na vyeti, uwe wa ushonaji, wa upishi, wa ufundi wa meli au wa kandanda. Ada ya ngazi yake ya kwanza nimeshaitenga katika kiinua mgongo changu, nami nitaikabidhi kwa mweka hazina siku ya mkutano, mkubali au mkatae. Lakini ningependa zaidi itoke kwa ukoo mzima. Mcheza kwao hutunzwa, na kwao kijana huyu ni sisi.

Wasalaam,

Ndugu yenu na babu yenu,
Katibu wa zamani wa kamati, Sheffield